Kazi Kwanza, Majina Baadaye: Maoni juu ya Kufundisha Ngozi ya Nje

Miongoni mwa mada za Sayansi ambazo mwanachuo hupangiwa wakati wa mazoezi ya kufundisha, mada ya ngozi huhesabiwa kuwa nyepesi. Mwanachuo huchora ubaoni kipande cha ngozi, huweka mishale, huandika majina, na wanafunzi hunakili. Dakika za mwisho huuliza, "Taja kazi tatu za ngozi," na darasa zima huitikia kwa sauti moja: hulinda mwili, hutoa jasho, hutambua mguso. Mkufunzi anayekagua huona kwamba maandalio ya somo yamejazwa vizuri, mchoro umenyooka na wanafunzi wametulia. Kwa desturi yetu ya kutoa alama, somo hilo limefaulu.

Sisi tunaona kwamba halikufaulu. Mtoto aliyesema "ngozi hulinda mwili" hakuulizwa hulinda dhidi ya nini, wala kwa njia gani, wala nini hutokea ulinzi huo unapokosekana. Ametoka darasani na majina mapya, lakini mkono wake mwenyewe hajautazama. Maoni yetu ni kwamba tabaka la nje la ngozi lifundishwe kwa kuanzia kazi lifanyazo, kwenye mwili wa mwanafunzi mwenyewe. Na majina yaje baadaye, yakiwa alama za vitu ambavyo mwanafunzi amekwisha kuviona. Tena jambo hili si la mtindo wa kufundisha peke yake. Katika shule zetu wamo watoto ambao usalama wao unategemea kama mwalimu na darasa lake wameielewa mada hii au wameikariri. Tutawafikia watoto hao baada ya kueleza tabaka lenyewe.

Yampasayo mwalimu kuyajua

Hapana budi mwalimu ajue zaidi ya yale atakayoyafundisha. Ngozi ina matabaka mawili makuu. Tabaka la ndani, ambalo vitabu huliita dermisi, ndilo lenye mishipa ya damu na sehemu kubwa ya mishipa ya fahamu. Tabaka la nje huitwa epidermisi. Hili ni jembamba mno: kwenye kope za macho unene wake ni kama milimita 0.05 tu, na kwenye viganja na nyayo hufikia kama milimita 1.5. Katika sehemu nyingi za mwili halizidi sana unene wa karatasi moja ya daftari. Halina mshipa hata mmoja wa damu. Chakula chake hupenya kutoka kwenye tabaka la ndani. Ndiyo maana mchubuko wa juu juu hautoi damu. Damu ikionekana, mwalimu ajue kwamba jeraha limekwisha kulivuka tabaka la nje.

Pamoja na wembamba wake, epidermisi imejengwa kwa safu. Katika safu ya chini kabisa zimo seli hai zinazogawanyika daima. Seli changa husukumwa kwenda juu na zile zinazozaliwa nyuma yake. Kadiri zinavyopanda hujaa keratini, dutu ngumu ile ile iliyomo katika kucha na nywele. Kisha hubapa, hupoteza viini vyake na kufa. Zikifika juu huwa ni magamba makavu yaliyopangana kama matofali, na katikati ya matofali hayo yamo mafuta yanayoyashikamanisha kama udongo wa kujengea. Magamba ya juu hupukutika kidogo kidogo pasipo sisi kujua, na mengine hushika nafasi yake. Safari ya seli moja, tangu kuzaliwa hadi kupukutika, huchukua kiasi cha mwezi mmoja au zaidi kidogo. Kwa hiyo uso tunaouona tunapomtazama mwenzetu ni ukuta wa seli zilizokufa, unaojengwa upya kila siku na mafundi walio hai chini yake.

Katika kuta hizo zimo pia seli za aina nyingine. Mwaka 1868 Paul Langerhans, aliyekuwa bado mwanafunzi wa udaktari mjini Berlin, aliona ndani ya epidermisi seli zenye matawi kama nyota. Kwa kuzitazama sura alidhani ni sehemu ya mishipa ya fahamu. Seli hizo zikapewa jina lake, na jina likaandikwa vitabuni kwa zaidi ya miaka 100 kabla kazi yake haijafahamika vyema. Leo tunajua kwamba ni walinzi: hukamata vijidudu na vitu vigeni vilivyopenya ukuta, na kuupelekea habari mfumo wa mwili unaopigana na maradhi. Tunaitaja habari hii kwa sababu ina funzo kwa ualimu wetu. Hata wataalamu waweza kuwa na jina la kitu kwa karne nzima bila kujua kitu hicho hufanya nini. Mtoto wa darasa la tano anayeandika "epidermisi" mara kumi daftarini yuko katika hali hiyo hiyo, isipokuwa yeye ana mwalimu wa kumtoa humo.

Zana zimo mwilini

Mara nyingi wanachuo hutulalamikia kwamba shule za mazoezi hazina zana za kufundishia. Kwa mada nyingine lalamiko hilo lina haki. Kwa mada ya ngozi halina, kwa kuwa kila mwanafunzi huja shuleni akiwa amevaa zana yake.

Wakati wa kiangazi watoto ambao hawakupaka mafuta huwa wamepauka miguu, na hupenda kuandika majina yao kwenye muundi kwa ukucha au kijiti. Mwalimu wa kawaida huwakemea. Mwalimu mwerevu huanzia hapo somo lake. Awaulize: ule weupe unaobaki chini ya ukucha ni kitu gani? Mbona hauumi ukikwanguliwa? Mbona hautoki damu? Mbona haumaliziki, ingawa tumekuwa tukiukwangua na kuuoga miaka yote? Kwa maswali hayo manne wanafunzi watafika wenyewe kwenye maneno haya: sehemu ya juu ya ngozi imekufa, haina damu, na huzalishwa upya kutoka chini. Hapo mwalimu akiandika ubaoni "epidermisi", neno litapata mahali pa kukaa.

Hali kadhalika mwalimu awaambie wanafunzi walinganishe viganja vyao na vya mzazi mkulima au seremala. Watakuta sugu. Sugu ni jibu la ngozi kwa msuguano: mahali panaposuguliwa siku baada ya siku, epidermisi huongeza unene wake. Lakini mtoto aliyeshika jembe kwa mara ya kwanza hapati sugu, hupata lengelenge. Msuguano umekuja ghafla, matabaka yameachana, na maji yamejaa katikati. Kutokana na tofauti hii mwalimu ataeleza kwa nini lengelenge lisitumbuliwe: ile ngozi iliyoinuka bado ni kifuniko kinachozuia vijidudu.

Kazi ya kuzuia maji yasipotee haionekani kwa macho, na hapa jaribio lahitajika. Vichukuliwe viazi vitamu viwili vyenye uzito unaokaribiana. Kimoja kimenywe na kingine kiachwe na ganda lake. Vipimwe kwa mizani ya fimbo na vifuniko viwili, kisha viwekwe kivulini siku tatu. Kiazi kilichomenywa kitanyauka na kuwa chepesi zaidi kuliko mwenzake. Yafaa mwalimu aseme wazi mfano huu unakoishia: ganda la kiazi si ngozi ya mtu, ila vyote viwili huzuia maji ya ndani yasitoroke. Kutokana na jaribio hilo wanafunzi wataelewa kwa nini mtoto aliyeungua sehemu kubwa ya mwili huwa katika hatari ya kufa hata kama moto haukugusa moyo wala mapafu. Ukuta umebomoka, maji yanatoka na vijidudu vinaingia. Papo hapo wafundishwe huduma ya kwanza: mahali palipoungua pamiminiwe maji safi ya baridi ya kawaida kwa dakika 20, pasipakwe dawa ya meno wala mafuta, na aliyeungua vibaya apelekwe hospitali bila kuchelewa.

Rangi na mwavuli wa seli

Sasa tufike kwenye sehemu ambayo wengi huiruka, nayo ni rangi. Katika safu ya chini ya epidermisi, miongoni mwa seli zinazogawanyika, zimo seli zinazotengeneza rangi iitwayo melanini. Seli hizi huigawa rangi hiyo kwa jirani zake katika chembe ndogo ndogo, na chembe hizo hukusanyika juu ya kiini cha seli kama mwavuli. Jua la nchi zetu lina mionzi isiyoonekana kwa macho ambayo huharibu viini vya seli; mwavuli huo hupunguza madhara yake. Hiyo ndiyo kazi kubwa ya weusi wetu.

Jambo ambalo kila mwanafunzi yafaa alijue ni kwamba idadi ya seli za kutengeneza rangi hukaribia kuwa sawa kwa watu wote, weusi kwa weupe. Tofauti iko katika wingi na aina ya melanini inayotengenezwa, na katika ukubwa wa zile chembe zinazoibeba. Tofauti za rangi ambazo wanadamu wamezifanyia kiburi na utumwa kwa karne nyingi ni tofauti za kiasi cha kazi ndani ya tabaka lenye unene wa karatasi.

Kutokana na hayo mwalimu aweza kuzungumza bila matusi juu ya mkorogo. Baadhi ya dawa za kujichubua huzuia utengenezaji wa melanini, na baadhi zimekutwa na zebaki, ambayo hupenya mwilini na kudhuru figo. Anayejichubua huuondoa mwavuli huku akiendelea kutembea juani. Vijana wakifundishwa kazi ya melanini mapema, watakuwa na hoja ya kumjibu anayewaambia kwamba weupe ni maendeleo.

Mtoto mwenye ualbino darasani

Wapo watoto ambao mwavuli huo hawakuzaliwa nao. Mtoto mwenye ualbino anazo seli za kutengeneza rangi kama wenzake, ila seli hizo haziwezi kutengeneza melanini ya kutosha kwa sababu ya hitilafu katika maagizo ya urithi aliyoyapata kwa wazazi wote wawili. Wazazi hao waweza kuwa weusi kabisa. Kila mmoja amebeba agizo moja zima na moja lenye hitilafu, na kila mimba yao ina nafasi moja kati ya nne ya kuzaa mtoto mwenye ualbino.

Darasa la sita au la saba laweza kuonyeshwa jambo hili kwa maharage. Vikombe viwili, kila kimoja na harage moja jeusi na moja jeupe. Mwanafunzi aokote harage moja kutoka kila kikombe bila kutazama, aandike alichopata, arudishe, aokote tena. Akifanya hivyo mara 40, meupe mawili kwa pamoja yatatokea kiasi cha mara 10. Mwanafunzi aliyeokota maharage hayo hatakuwa tayari kuamini kwamba mama wa mtoto huyo alitembea nje ya ndoa, au kwamba ukoo umelaaniwa.

Wala hili si jambo dogo. Kuanzia miaka ya 2006 na 2007 habari za kuuawa na kukatwa viungo kwa watu wenye ualbino nchini Tanzania, hasa katika mikoa ya Kanda ya Ziwa, zilitia nchi simanzi na fedheha. Mwaka 2014 Baraza Kuu la Umoja wa Mataifa liliitangaza tarehe 13 Juni kuwa siku ya kimataifa ya kuelimishana juu ya ualbino. Waliotenda unyama ule, na waliowatuma, walipata kuwa watoto. Wengi wao bila shaka walipata kusikia kwamba watu hao hawafi bali hutoweka, na kwamba viungo vyao huleta utajiri. Hatusemi kwamba somo moja la Sayansi lingemzuia kila muuaji. Tunasema kwamba imani za namna hiyo hustawi mahali ambapo hakuna aliyeeleza, kwa lugha ya kawaida na kwa ushahidi, ngozi ni nini.

Tena iko hatari nyingine isiyopiga kelele. Jua humwunguza mtoto mwenye ualbino kila siku, na madhara hayo hujikusanya tangu utotoni. Wengi hupata saratani ya ngozi wakiwa bado vijana, na saratani hiyo yaweza kuwaua. Ni maradhi ambayo kwa sehemu kubwa huzuilika kwa kivuli, nguo na kofia. Mjini Moshi yalitengenezwa mafuta ya kukinga jua yaitwayo Kilisun kwa ajili ya watu hawa. Lakini hata pale ambapo mafuta hayafiki, kivuli cha mwembe hakina bei. Basi, ni nani anayemweka mtoto juani? Mara nyingi ni sisi walimu. Tunampanga mstarini asubuhi na kumtolea matangazo ya nusu saa. Tunampeleka shambani saa 5. Tunamvua kofia kwa kuwa si sare ya shule. Tunamkataza shati la mikono mirefu kwa sababu hiyo hiyo. Mwalimu anayefanya hayo mchana, na asubuhi alifundisha kwamba melanini huzuia mionzi ya jua, amefundisha maneno matupu.

Kwa hiyo tunawaomba wanachuo walishike jambo hili kama sehemu ya somo lenyewe. Mwanafunzi mwenye ualbino avae kofia pana na mikono mirefu, ndani ya sare au nje ya sare. Kazi za nje zinazoangukia kati ya saa 4 asubuhi na saa 10 alasiri, jua linapokuwa kali zaidi, apangiwe kivulini: kuhesabu mavuno, kutunza kumbukumbu, kumwagilia bustani jioni. Aketi mbele, mbali na mwanga mkali wa dirisha, kwa kuwa melanini huhitajika machoni pia na uoni wake huwa hafifu. Aruhusiwe kuusogelea ubao, na maandishi yawe makubwa. Akichelewa kunakili, mwalimu asimhesabu kuwa mzito wa akili. Kidonda kisichopona kwa wiki kadhaa usoni, masikioni, shingoni au mikononi kipelekwe kwa mganga wa hospitali. Na aitwe kwa jina lake. Lile neno la zamani linaloanza na "zeru" lisisikike kinywani mwa mwalimu.

Hoja za kutupinga

Yapo mambo mawili ambayo wenzetu hutuuliza. La kwanza ni kwamba mitihani hudai majina, na muda ni mfupi. Tunakubali kwamba majina yanahitajika, hatukusema yaachwe. Tulichosema ni mpangilio. Kipindi cha kwanza kiwe cha kutazama na kuuliza: kupauka, sugu, malengelenge, alama za vidole kwa wino. Cha pili kiwe cha mchoro na majina, na wakati huo jaribio la viazi likiendelea. Cha tatu kiwe cha matokeo ya jaribio, melanini na utunzaji wa ngozi. Ni vipindi vitatu, sawa na vile ambavyo wengi hutumia kuchora na kunakili. Mwanafunzi anayejua safu ya chini hufanya nini hukumbuka jina lake upesi kuliko aliyelikariri.

Hoja ya pili ni nzito zaidi. Wapo wanaosema kwamba kuzungumzia ualbino mbele ya mtoto mwenye ualbino ni kumwaibisha. Hofu hiyo ina msingi, kwani mtoto huyo asifanywe zana ya kufundishia. Asisimamishwe mbele, asiguswe mkono ili wengine waone, asiulizwe maswali ambayo wenzake hawaulizwi. Mwalimu azungumze naye na mzazi wake kabla ya somo, awaeleze atakalosema. Kisha somo lihusu ngozi za wote: aliyepauka, mwenye sugu, mwenye kovu la moto, mweusi sana, maji ya kunde, na asiye na melanini. Kunyamaza hakumhifadhi. Darasa likikosa maelezo ya mwalimu, litapata ya mtaani, na hayo tumekwisha kuona matunda yake.

Mwanachuo atakayepangiwa mada hii muhula ujao aanze maandalio yake kwa kuandika kwanza maswali manne ya mguu uliopauka, kabla ya kuchora mshale wowote. Kisha aitazame orodha ya majina ya darasa atakalofundisha, aulize kama yumo mtoto mwenye ualbino, na ajue atampangia kiti gani na kazi gani ya nje. Mkufunzi atakayekuja kumkagua naye asiishie kwenye unyofu wa mchoro. Atoke nje wakati wa kazi za mikono, aone mtoto huyo amewekwa wapi, na alama za somo la ngozi azitoe baada ya hapo.